Aonje Kwanza Muuzaji

Nilimshtaki mwenye duka la Ifakara kwa sababu ya uji, na mpaka leo wapo wanaosema nilikuwa na kiherehere. Waseme. Hawakuwapo nyumbani kwangu siku nilipoosha kile chungu.

Ulikuwa wakati wa njaa, baada ya vita vya Maji Maji. Askari wa Wajerumani walikuwa wamechoma maghala yetu bonde zima, na mume wangu alibaki Mahenge, chini ya ukuta wa boma lao, pamoja na wanaume wengi wa huku. Nilibaki na mama yangu mzazi, mgonjwa, hawezi hata kukaa bila kuegemezwa. Chakula kilipatikana kwa mtu mmoja tu, mwenye duka aliyefuata msafara wa askari kutoka pwani. Nilisuka mikeka ya ukindu mpaka vidole vikachubuka, nikampelekea, naye akanipimia unga wa mtama.

Kwetu anayekupa chakula huonja kwanza mbele yako. Ukikaribishwa pombe, mwenyeji hunywa funda la kwanza ili ujue hakuna baya ndani. Dukani desturi hiyo haikuwahi kufika. Nani angemwambia mwenye duka alambe unga mbichi? Nilipika uji, nikaonja wa juu, nikaona uko sawa. Ule mzito wa chini nikampa mama, maana ndio ungemtia nguvu. Alitapika mchana kutwa. Chunguni palibaki tope jeupe, udongo ule ule wa kingo za mto tunaokandikia nyumba.

Tangu hapo mama akafunga mdomo.

"Cha mtu yule sili tena, mwanangu," alisema, na kingine hatukuwa nacho. Nikawa namwona anakauka mbele ya macho yangu.

Nikajitwika chungu na kuni, nikaenda kwa akida, yule aliyewekwa na Wajerumani kutuamulia kesi. Majirani walinishika nguo wakinisihi nirudi. Mwenye duka ni rafiki wa akida, walisema, nitaishia kwenye minyororo. Niliwaambia mama yangu anakufa, wanipishe njia.

Barazani mwenye duka alicheka. Unga wake ni safi, alisema, na udongo eti mimi ndiye niliyeutia ili nipewe mwingine bure.

"Basi, Bwana Akida," nikasema, "askari wako akachote unga dukani sasa hivi. Nitaupika hapa hapa, kila mtu aone."

Watu walikuwa wamejaa uani, na akida hakutaka kuonekana anaogopa uji. Akamtuma askari. Nilipuliza moto, nikapika, nikasubiri utulie, nikamwaga wa juu wote chini. Uliobaki nikautia bakulini na kuuweka mbele ya mwenye duka.

"Chakula ni chako," nikamwambia. "Onja wewe kwanza. Ukimeza, nami nitakula, na kesi nimeshindwa."

Aliliangalia bakuli. Akasema ameshiba. Nikamwambia basi alambe tu. Akageuza uso, na pale uani watu wakaanza kunong'ona. Sikuwahi kufurahi kiasi kile tangu vita viishe.

Akida alikasirika, lakini hasira yake alinimwagia mimi.

"Nyinyi mlioamini maji yatazuia risasi," alisema, "leo ndio mnataka kutufundisha kilichomo ndani ya unga?"

Waliokaa karibu naye wakacheka. Mimi niliinuka pale motoni, maana alikuwa akimcheka mume wangu.

"Aliyetuletea maji aliyanywa kwanza mbele yetu, Bwana. Kisha akazikabili risasi pamoja na waume zetu, akafa nao. Alikosea, lakini alionja. Huyu wako hataki hata kulamba."

Akida aliniambia nitake radhi kwa kutaja vita, nami nitalipwa nafaka yangu na kwenda zangu kwa amani. Nikakataa. Akarudia. Nikamwambia radhi aniombe yeye. Ndipo akatoa hukumu: mwenye duka anilipe mtama mzima, usiosagwa, na mimi nipalilie pamba ya akida mpaka mavuno kwa sababu ya ulimi wangu. Nilipalilia mpaka mavuno. Ningepalilia na mwaka uliofuata kuliko kuyafuta maneno yale.

Jioni ile nilisaga mtama mwenyewe, nikapika uji, nikaukoroga mpaka chini kabisa. Nikamwegemeza mama ukutani. Kata ya kwanza niliichota chini ya chungu, nikainywa yote mbele yake, nikamwonyesha mdomo mtupu. Alinitazama muda mrefu, kama nami nilikuwa mwenye duka.

Kisha akafungua mdomo.