Mlango wa Meli ya Saruji

Siku ya kwanza Mama Mizani alipoingia katika ile kambi ya zamani ya wanamaji, alizuiwa na mzee mwenye filimbi shingoni.

"Omba ruhusa kwanza."

"Ruhusa ya nini, mzee wangu? Karatasi ya kununua vyuma vyote hii hapa, na muhuri wake."

"Karatasi ni ya kambi. Hii ni meli. Mtu hapandi meli bila kuomba ruhusa."

Mama Mizani aliitazama hiyo meli. Ilikuwa ya saruji, imejengwa katikati ya uwanja wa gwaride, omo yake, yaani pua ya mbele, ikielekea jikoni, na majani yameota hadi kwenye sitaha. Tangu ijengwe haikuwahi kulowa ila kwa mvua. Lakini miaka ishirini ya kununua chakavu ilikuwa imemfundisha kwamba heshima ni bidhaa isiyo na gharama, na kisicho na gharama hakipimwi.

"Naomba ruhusa kupanda," alisema. Mzee akasogea pembeni.

Jina la Mama Mizani alipewa na wauzaji, kwa kuwa hakuwahi kukubali mzigo upimwe kwa mizani ya mtu mwingine. Mzee naye aliitwa Mkufunzi. Wakati wa vita alifundisha makuruta, vijana wa bara ambao maji mengi kuliko yote waliyowahi kuyaona yalikuwa ya kwenye pipa. Mwanzoni mafunzo yalikuwa ya miezi sita. Vita vilipopamba moto yakawa miezi mitatu, mwishowe wiki tano. Meli za kweli zote zilikuwa vitani, kwa hiyo walisomea juu ya saruji. Kwenda chooni kuliitwa kushuka nchi kavu, na aliyecheka alisugua sitaha. Vita vikaisha, kambi ikafungwa, makuruta wakasahauliwa. Mkufunzi akabaki na funguo, mlinzi wa majani.

Kilichomleta Mama Mizani hasa hakikuwa mabati wala mabomba. Alikuwa amenusa habari za waya wa shaba wa simu za vita, mnene kama kifundo cha mkono, uliozikwa mahali fulani chini ya kambi. Mkataba ulimpa siku kumi tu, kisha uwanja unakabidhiwa kwa wengine. Ramani ilikuwa imepotea. Siku tatu vijana wake saba walibomoa mabomba na kuchimba hapa na pale, wakaambulia mizizi. Siku ya nne alimfuata mzee.

"Waya najua ulipo," Mkufunzi alisema.

"Sema bei yako. Biashara haigombi."

"Fedha sitaki."

Hapo Mama Mizani alikaa chini. Anayetaka fedha unajua pa kumshika. Asiyezitaka ndiye ghali.

Mzee alinyoosha kidole chini ya sitaha, kwenye chumba kilichoigiza chumba cha injini. Mlango wake ulikuwa wa chuma kitupu, uliotolewa kwenye meli ya kweli. "Geuza bawaba za ule mlango, ufungukie ndani. Kisha watoke watu ishirini na watatu, mmoja mmoja, macho yamefungwa, na moshi humo ndani."

"Mzee, mimi navunja meli, siundi. Na kwa nini ishirini na watatu?"

Mzee alieleza kwa sauti ya mtu anayesoma tangazo la maji kukatika. "Mwashi aliufunga kinyume. Kwenye meli zetu mlango huo, ukitoka, unavutwa. Huu unasukumwa. Niliona tangu wiki ya kwanza. Nikaandika barua ugeuzwe, nikajibiwa darasa linaondoka Ijumaa, subiri. Likaja darasa jingine. Subiri. Niliwaambia, melini mtavuta. Niliwaambia mara moja, kwa mdomo. Kwa mikono walisukuma mara mia, macho yamefungwa, mpaka mikono ikajua yenyewe. Meli yao ikashika moto. Walikuwa ishirini na wanne mle chumbani. Mmoja, mkondefu, alipenya kwenye tundu la hewa. Alikuja hapa, akasimama hapo ulipokaa. Akasema, 'Tulisukuma, Mkufunzi.'"

Mama Mizani aliitazama ile sehemu, kisha akarudi kwenye kazi yake. Mazoea yana taabu, ni kweli, lakini gesi ya kuchomelea nayo hainunuliwi kwa machozi.

"Moshi hapana. Vijana wangu vifua vyao vimeshachakaa. Na nina saba tu, watazunguka."

"Gunia moja tu bichi la kufukiza."

"Hata nusu gunia, hapana."

Mzee alifikiri. "Basi niwafundishe mwenyewe. Asubuhi nzima."

"Saa mbili."

"Saa mbili." Wakapeana mikono.

Mdogo wake Mama Mizani, fundi wa kuchomelea, ndiye aliyegeuza bawaba. "Dada, umenunua kambi au umejiandikisha jeshini?"

"Chomelea, baba. Maneno utamalizia nyumbani."

Kesho yake vijana saba, fundi akiwa mmoja wao, wakafungwa vitambaa machoni. Mkufunzi aliwapanga ndani, akawashikisha ukuta. Mmoja akauliza, "Mkufunzi, hii meli inafika lini? Nimeacha maharage jikoni." Wenzake wakacheka. Mzee hakucheka wala hakukasirika. "Ukuta kushoto. Ukifika kwenye chuma, shika mpini, vuta." Akatoka nje, akasimama kwenye jua.

Wakatoka. Wa kwanza, wa saba, wakarudi tena ndani, wa kumi na tano. Mzee alihesabu kwa midomo. Wa mwisho alikuwa yule fundi.

Mlango ulitingishika. Haukufunguka. Ukagongwa tena, kwa bega. Fundi huyu ndiye aliyeugeuza kwa mikono yake, lakini siku tatu nzima alikuwa ameupita na mitungi yake, kila akitoka akiusukuma. Vijana waliacha kutaniana. Mama Mizani alimwona Mkufunzi amekwisha weka filimbi mdomoni, asiipulize.

"Mzee," alisema. "Huyo ni mdogo wangu."

Mkufunzi aliitoa filimbi. "Vuta," alisema, si kwa sauti kubwa.

Mlango ukafunguka.

"Ishirini na watatu," mzee alisema.

Fundi alivua kitambaa, akipangusa jasho. "Mkono umenisaliti, dada."

"Umeridhika?" Mama Mizani alimuuliza mzee.

"Nilidhani nitasikia kitu."

"Na?"

"Jua kali tu."

Alitimiza ahadi yake. Aliwapeleka kwenye mlingoti wa bendera, akahesabu hatua kuelekea nyuma ya vyoo, akapiga kisigino chini. Kina cha kiuno, waya ulikuwepo. Theluthi yake chumvi ilikuwa imeila ikawa kijani. Iliyobaki ilikuwa safi, na siku ya kumi ilipofika malori yaliondoka yakilia kwa uzito. Mlango ulikatwa vipande vinne. Mkufunzi mwenyewe alishika upande mmoja kuupakia, kwa sababu kijana wa upande ule alikuwa amekwenda kunywa maji.

Mama Mizani alipata shaba yake, pungufu kidogo ya alivyotarajia. Mzee alipoteza meli, funguo na kazi ya ulinzi, akapata watu ishirini na watatu waliotoka, na hakuna hata mmoja aliyekuwa wake. Alimwachia Mama Mizani filimbi aipime pamoja na chuma kingine. Mizani haikusogea.