Fundi Sura na Uso wa Baba Yake

"Usicheke, mdogo wangu. Ukicheka, homa inapona," anasema mpambaji, na mwigizaji aliyeketi mbele ya kioo anazidi kucheka.

Kijana huyo ana afya tele, lakini muda si mrefu atalala mbele ya kamera akiwa mgonjwa mahututi. Mwanamume anayempaka anamtia kivuli chini ya macho kwa brashi nyembamba, anapausha midomo kwa poda, kisha anamnyunyizia maji usoni yafanane na jasho. Anarudi nyuma, anamkagua, anaguna. Bado.

Katika chumba hiki chenye taa kali na feni inayolalamika, kila mtu humwita Fundi Sura. Ana umri wa miaka arobaini na sita, na karibu miaka ishirini ameitumia kuwapodoa watangazaji na waigizaji: anawazeesha, anawatia makovu, akitakiwa anawaua.

Alianza akiwa kinyozi. Mteja wake mmoja, mtangazaji wa televisheni, alimchukua siku ambayo mpambaji wa kituo hakutokea.

"Nilikwenda na kitana na poda ya watoto," anasema. "Sikuwa na kingine, lakini taarifa ya habari ilisomwa."

Kazi haina mshahara wa mwezi. Kuna mwezi wa filamu mbili, na kuna miezi mitatu ambayo simu hailii kabisa. Hapo mkewe, fundi cherehani, ndiye hubeba nyumba.

Kilichomuuma zaidi ni baba yake, fundi magari mstaafu.

"Watu wakimuuliza nafanya kazi gani, alikuwa anasema niko televisheni, basi. Akiniona na sanduku langu la vipodozi, alikuwa ananiambia, 'Mwanaume mzima, poda?'"

Mwaka juzi mzee akaugua ini. Akakonda, macho yakageuka njano. Siku moja dada yake wa pekee akapiga simu kuwa yuko njiani kuja kumjulia hali. Mzee akamwita mwanawe chumbani, akamwambia afunge mlango.

"Akaniuliza, 'Lile sanduku lako liko wapi? Dada yangu asinikute hivi.'"

Alimnyoa kwanza. Akachanganya rangi hadi ikapatana na ngozi ya baba yake ya zamani, akayajaza mashavu yaliyobonyea kwa mwanga na kivuli. Mzee akaomba kioo. Akajitazama, akageuza shavu huku na huku.

"Kumbe ndiyo kazi yenyewe," akasema.

Shangazi alikaa mchana kutwa. Walicheka, wakabishana nani hasa aliyevunja redio ya marehemu mama yao. Jioni, Fundi Sura alipomsindikiza, shangazi alimshika mkono njiani.

"Umempendezesha, baba. Macho tu ndiyo hukuyaweza," akamwambia. "Lakini alikuwa na furaha, nami nikajifanya sijaona."

Mwezi haukwisha, mzee akafariki.

Leo Fundi Sura ana mpango ambao bado anausimulia kwa aibu kidogo. Amezungumza na muuguzi mkuu wa wodi moja, ambaye amemruhusu kuja Jumapili, kabla ya saa ya kutazama wagonjwa, kumhudumia yeyote atakayetaka. Sharti ni moja: kila mgonjwa na brashi yake. Anazikusanya kidogo kidogo, na anatarajia kuanza mwezi ujao.

"Sitamdanganya mtu," anasema. "Mgonjwa anajua, mgeni wake anajua. Ila nataka wapate saa moja ya kuongea mambo mengine."