Wifi Yangu na Wimbo wa Kijapani

Mwishoni mwa miaka ya tisini, karaoke ilipokwishaenea London nzima, mume wangu alirudi nyumbani na mashine ya kuimbia. Alipewa na Mjapani wa kazini kwao aliyekuwa akirejea kwao. Ilikuja na diski moja tu, nyimbo zote za Kijapani. Ukimaliza kuimba, alama zako zinatokea kwenye televisheni.

Tulikuwa tukikaa na wifi yangu, dada wa mume wangu. Kwao Unguja alikuwa mwimbaji wa taarabu, tena wa kugombaniwa na wenye harusi. Akashika kipaza sauti, akaimba wimbo wake mwenyewe juu ya muziki wa Kijapani, kwa madaha yote. Mashine ikampa ishirini na mbili kwa mia.

"Ishirini na mbili?" aliuliza. "Miye?"

"Labda inataka Kijapani," nilimwambia.

"Basi itakipata."

Tangu siku hiyo hatukupumua. Alichagua wimbo mmoja wa polepole, wa sauti ya majonzi, akausikiliza akipika, akausikiliza akipiga pasi, mpaka akauhifadhi wote bila ya kuelewa hata neno moja. Mume wangu akaanza kuomba zamu za ziada. Siku wifi alipopata tisini na moja alipiga kigelegele, jirani akatugongea ukuta.

Haikumtosha. Kwenye harusi moja Tottenham alipanda jukwaani akauimba mbele ya wanawake wenzake. Wakaanza kuinuka kumtunza noti. Bibi mmoja alilia kabisa, akisema mumewe alimwacha vivyo hivyo.

Karibu yangu alikaa Mjapani, rafiki wa bibi harusi kazini. Naye alikuwa akifuta machozi, lakini mabega yakimtikisika. Nikamuuliza wimbo unasemaje.

"Mlevi kakosa treni ya mwisho," alisema. "Sasa anakiomba radhi kiatu chake."

Nilimweleza wifi ndani ya basi tukirudi nyumbani Thamesmead.

"Na kiatu kilimsamehe?"

"Sikuuliza."

"Mtu hujui kuuliza weye!"

Haukupita muda akaalikwa harusi nyingine, na mwenye shughuli akauomba ule ule wa Kijapani. Wifi alikubali, ila aliniweka mlangoni: akiingia Mjapani yeyote, nikohoe.