Ukifa, Unapisha

Nilikuwa nimesimama nje ya chumba cha maharusi, sinia la chai na mikate ya mofa mkononi, niliposikia ngoma. Haikuwa ngoma ya harusi. Harusi ilikwisha, na mashuka ya ukumbini nilikuwa nimeshayafua na kuyaanika. Ilikuwa ngoma nzito ya kwenye gemu, ile inayoanza lango linapojifunga nyuma yako na bosi, yule adui mkubwa, anapoinuka kitini pake. Ngoma ya kila bosi wa mchezo ule naijua. Hii sikuijua. Papo hapo nikaelewa kwamba ndugu yangu, bwana harusi mwenyewe, ameanza ile nyongeza mpya ya mchezo wetu, na ameanza bila mimi.

Mlango ulifunguliwa kidogo na somo wa bibi harusi, mwanamke mtu mzima aliyekuja naye kutoka Mangapwani kumhudumia siku za fungate. Kwa desturi bwana harusi ndiye huenda kwa kina bibi harusi, lakini nyumba yao ilikuwa imejaa watu, basi fungate ikafanywa kwetu Kikwajuni.

"Shikamoo, Bi Somo."

"Marahaba. Lete sinia. Na hilo sikio lirudishe jikoni, mlango wa fungate hausikilizwi."

"Wanafanya nini humo ndani?"

"Nnajua mie? Kila nikipita kuna mtu anauliwa, kisha wanacheka wote wawili. Siku zetu sisi hatukuuana."

Akafunga mlango. Nilirudi jikoni nikakoroga sufuria ambayo haikuwa na kitu cha kukorogwa.

Baba yetu alitangulia, mama akafuata kabla machozi hayajakauka. Nilikuwa kidato cha pili. Niliacha skuli nikakaa na ndugu yangu, ambaye alikuwa bado anapoteza ndara kila akitoka. Nilishona kofia za mkono, zile nyeupe za vitobo, nikiuza kwa mwenye duka Darajani, na kazi hiyo ndiyo iliyotulisha. Mjomba aliye Maskati alitutumia mashine ya gemu waliyokwisha kuichoka wanawe, pamoja na pedi moja ya kuchezea na mchezo mmoja. Mchezo wenyewe ulikuwa mgumu hivi kwamba nadhani wale watoto waliugawa kwa hasira.

Niliipokea kwa hesabu zangu. Mtoto anayecheza gemu ukumbini hayuko mitaani na watu nisiowajua. Lakini pedi ilikuwa moja, naye alikuwa akilia akifa, na katika mchezo ule mtu hufa kila hatua. Nikaweka sheria: ukifa, unapisha. Akifa yeye, pedi inakuja kwangu. Nikifa mimi, inarudi kwake, na anayengoja anatazama na kukariri. Maandishi ya mchezo yalikuwa Kiingereza, nami Kiingereza changu nilikiacha skuli, basi yeye ndiye aliyenisomea na kunieleza, kwanza kwa kubahatisha, baadaye vizuri kadiri alivyopanda madarasa. Tulikaa kwenye mkeka, mimi kulia yeye kushoto, sindano yangu nimeichomeka kwenye kofia. Hivyo ndivyo tulivyoumaliza mchezo ule, kisha tukaurudia, kisha tukaurudia tena. Wengine wana picha za familia ukutani. Sisi tulikuwa na mabosi tuliowaua.

Ilipotangazwa kwamba wenye mchezo wanatoa nyongeza, nchi mpya yenye maadui wapya, yeye alikuwa mtu mzima, ana kazi katika duka la simu Darajani. Alirudi akipanda ngazi mbio.

"Dada! Inakuja! Wallahi tutaianza pamoja, mimi na wewe, kama zamani."

Msimu ule ule aliniambia kuna msichana. Nikaenda kuposa kwa niaba ya wazee, nikashona kofia ya harusi mwenyewe, nikapamba chumba. Televisheni na mashine nilizitoa ukumbini kwa mikono yangu nikaziweka humo chumbani, kwa sababu chumba cha maharusi hakiwi kitupu. Nilijiambia kwamba bibi harusi ni mtu wa shamba, mtoto wa mwalimu, atapenda tamthilia.

Fungate ilipokwisha, wifi yangu alitoka amepakwa hina hadi viwikoni, akanipa mkono akaubusu wangu.

"Shikamoo, wifi."

"Marahaba. Umeamkaje?"

"Salama. Ila yule malkia mwenye shoka katutesa, wifi, mpaka mkono umekufa ganzi. Mwenyewe kasema ungekuwepo wewe tungeshampiga zamani."

Mwenyewe, yaani ndugu yangu. Alisimama nyuma yake akitazama dari. Kumbe bibi harusi ana kaka watupu, na amekulia kwenye gemu tangu kabla hajaanza kusuka ukili wa mikeka. Angekuwa hajui, ningemfundisha. Lakini anajua, tena anasoma maandishi peke yake bila kuhitaji mtu wa kumweleza. Hilo liliniuma mahali nisipoweza kupafikia kwa mkono.

Siku ya pili yake wifi aliirudisha televisheni na mashine ukumbini. Alisema chumbani kuna joto. Mimi nilisema ahsante kwa sauti ya mtu anayerudishiwa chake.

Tukakaa. Ndugu yangu alisogea kule kwa mkewe, na mahali pake pa zamani, kushoto kwangu karibu kabisa, pakawa si pake wala si pa mtu. Akanipa pedi. "Haya dada, waoneshe watu wa Mangapwani."

Niliingia nchi mpya na mhusika wangu wa miaka yote, mwenye leveli za juu, upanga niliounoa mpaka mwisho, na dawa tele kibindoni. Mlinzi wa kwanza getini, askari tu asiye hata na jina, alinipiga mara moja nikafa.

Wifi alitia ncha ya kanga mdomoni.

"Cheka," nikamwambia. "Usijizuie, utapasuka."

"Sikucheki, wifi. Hujaokota makaa."

Alinieleza, kwa adabu kabisa, na kila neno la adabu lilinichoma. Walioitengeneza nyongeza wanajua kwamba hakuna anayeifikia ila aliyekwisha kuwa na nguvu, kwa sababu mlango wake haufunguki mpaka uwe umewapiga mabosi wakubwa wa mchezo wa mwanzo. Wangeacha nguvu zile zifanye kazi kama kawaida, ungepita nchi nzima unafagia. Basi wamezipunguza. Leveli zako za zamani huku ni kama nusu. Kinachokupa nguvu ni makaa yaliyofichwa pembeni, mapangoni, chini ya miti, na hayo huyapati kwa kupigana, unayapata kwa kutembea na kutafuta kama mgeni.

"Mimi si mgeni," nikasema. "Mchezo huu nimeumaliza wewe ukisoma madrasa."

"Ndiyo wifi. Ndo maana umekufa getini."

Ndugu yangu akacheka. Alicheka yeye, niliyempa pedi ya kwanza maishani mwake! Nikapisha, nikachukua kofia yangu, nikashona ua zima upande usio wake. Ilibidi nilifumue.

Sikuacha. Mimi si mtu wa kuacha kitu. Asubuhi wao wakishatoka, yeye dukani na mkewe skuli anakofundisha watoto wa chekechea, nilimaliza kazi za nyumba kisha nikakaa mbele ya televisheni. Niliokota makaa. Nilitembea nchi ile kila upenyo kwa kinyongo, nikitafuta hata lile ambalo wao wawili hawakuliona, nikalipata chini ya daraja lililobomoka, na mchana ule nilipika kwa furaha mpaka mkewe akaniuliza kuna nini. Nikamwambia hakuna.

Mpaka nilipofika kwa malkia. Makaa ninayo, na bado ananiua. Nilianza kumtazama badala ya kumpiga, nikagundua jambo. Mabosi wa mchezo wa mwanzo wakinyanyua silaha, wanapiga. Mkono juu, mkono chini, nawe unabingiria kulikwepa pigo mkono ukiwa juu. Sisi wawili tulijifunza hivyo mpaka vidole vikawa vinabingiria vyenyewe. Malkia ananyanyua shoka, halafu anasimama. Anakutazama. Unabingiria, unainuka, na hapo ndipo shoka linashuka. Ukijitenga unywe dawa, anakurukia, kwa sababu anajua mtu aliyeumia hukimbilia dawa. Ukimpiga pigo la tatu kwa tamaa, analo lake la nne. Kila mazoea mema niliyoyaleta kutoka kule, yeye alikuwa ameyatengenezea mtego. Nilihisi kama mtu alikaa ukumbini kwetu miaka yote ile akitutazama tunavyocheza, akaenda kumtengeneza huyu.

Nilijua ninachotakiwa kufanya: kungoja. Sikuweza. Nimelea mtoto kwa kuwahi. Homa niliiwahi kabla haijapanda, mwalimu nilimwahi kabla hajaita. Shoka likinyanyuka, kidole changu kinaondoka.

Na muda wote huo nilikuwa na nia moja, ambayo siipambi. Nilitaka nimuue malkia kabla ya wifi yangu, na nilitaka ndugu yangu awepo aone.

Siku moja baada ya alasiri wifi alikuwa akipigana naye, mimi nashona. Ndugu yangu hajarudi. Alipigana vizuri, nilisali afe, na akafa. Akavuta pumzi, akanigeukia, akanipa pedi kwa mikono miwili.

"Nshakufa, wifi. Chukua."

"Nani kakwambia?"

"Kuhusu nini?"

"Kupisha."

"Mume wangu—" akacheka, "yaani ndugu yako. Siku ya mwanzo kabisa, pale chumbani. Kanambia nyumba hii ina sheria moja tu, na kaiweka dada. Kila nikifa namwambia shika, na yeye hivyo hivyo."

Nilikaa na pedi ile mapajani. Kwanza nilipata wivu mpya kabisa, mkali kuliko ule wa mwanzo. Televisheni nilimpa, chumba nilimpa, ndugu nilimpa, na hiyo sheria pia imeshatolewa bila mimi kuulizwa. Halafu nikaona anangoja nianze, amekunja miguu, macho kwenye kioo cha televisheni, anakariri. Alikuwa amekaa kushoto kwangu.

Nikacheza, nikafa, nikampisha. Akafa, akanipisha.

"Unamuwahi, wifi," akasema. "Mwache ajisumbue mwenyewe."

"Wewe je? Pigo la tatu la nini? Mbili zinatosha, ondoka."

"Mbili hazinitoshi mie."

"Ndo maana unakufa."

Pedi ilipokuwa kwangu tena, malkia alipungua mpaka mstari wa damu yake, ule unaoonesha uhai, ukabaki kama uzi. Ndipo niliposikia sauti ya ndugu yangu chini barazani, anaamkiana na jirani. Anakuja! Atapanda ngazi, ataingia, ataona. Sikumpiga malkia. Nilimzunguka tu. Nilikuwa namngoja ndugu yangu apande.

"Mmalize, wifi!"

"Ngoja."

"Umngoje nani? Mmalize!"

Chini jirani akaanza habari za gari lake. Malkia akanyanyua shoka, akasimama, akanitazama, nami akili yangu yote ilikuwa kwenye ngazi. Kidole hakikuondoka. Shoka likaanza kushuka, na hapo ndipo nilipobingiria, nikachelewa vile vile inavyotakiwa kwake, likapiga sakafu tupu. Mgongo wake ukawa mbele yangu. Nikasikia jirani anasema, "Naam, kisha ikazima katikati ya njia," na nikajua hadithi hiyo haiishi leo.

Nilipiga mara mbili. Malkia akaanguka kipande kipande, na ngoma ikakatika.

Wifi alipiga kelele akanirukia, hina yake iliyofifia imenizunguka shingoni, sindano yangu nusura imchome. Sikumbuki mara ya mwisho mtu mzima kunikumbatia bila kuwa msibani.

Ndugu yangu aliingia akikimbia kwa ile kelele, begi bado begani. Akatazama kioo. Akatutazama sisi. Uso wake ukawa ule wa mtoto aliyepoteza ndara.

"Mmempiga? Bila mimi?"

Mkewe akaninyooshea kidole. "Huyu hapa, muuaji."

"Dada! Si mngenisubiri?"

Ilikuwa kweli nimemsubiri, kuliko atakavyojua. Lakini sikumwambia hilo.

"Na wewe fungateni ulinisubiri?"

Alisimama pale, mahali pake pamekaliwa, midomo imemvimba kwa wivu, na mimi nilimwona na nikafurahi, siwezi kuandika vinginevyo. Kisha akateremsha begi, akakaa kulia kwangu, mahali ambapo hajawahi kukaa, akanyoosha mkono.

"Haya, nipe na mie nione huko mbele."

"Sheria unaijua," nikamwambia. "Bado sijafa."