Kaniki Niliyoambiwa Niishushe

Mwanangu, wewe uliyechagua kazi ya kupiga sinema, kaa nikusimulie siku moja ninayoikumbuka, enzi za Mwingereza, huku kwetu Kiswere.

Alikuja mzungu kutengeneza sinema ya habari za utumwa. Mwaka ule mihogo ilikuwa imekauka, na mkono mtupu haulambwi. Wanawake wengi tukakubali kuigiza mateka kwa ujira. Tulifungwa kamba, tukatembea juani, tukichekana chinichini. Ndoa yangu ilikuwa bado changa.

Mara mkalimani, kijana wa Lindi, akaniambia, macho chini, kwamba bwana anataka niishushe kaniki hadi kiunoni. Ndivyo mateka walivyopitishwa, na watazamaji wasipouona unyama ule hawatauchukia. Hakuwa mtu mbaya yule bwana, mwanangu. Alichukia utumwa kwelikweli. Nami nikaanza kufungua fundo, maana niliogopa wenzangu wasije wakakosa ujira kwa ajili yangu.

Bibi Somoe, bibi yake mume wangu, akatoka mstarini. Mama yake mzazi aliswagwa kwa njia ileile kwenda Kilwa. Mwenye kovu usidhani kapoa. Akanishika mkono, akamwambia mkalimani:

"Mama yangu alivuliwa nguo kwa mjeledi. Huyu anavuliwa kwa njaa. Mwambie bwana wako anieleze tofauti."

Kijana alisita, kisha akatafsiri yote. Mzungu akaketi juu ya sanduku la vyombo vyake. Hatimaye akauliza kwa upole, ataonyeshaje basi ukweli ule.

"Nipige mimi picha, uso tu," Bibi akajibu.

Akasimama mbele ya kamera, akasimulia kwa Kimachinga yale aliyoachiwa na mama yake. Yule bwana hakujua hata neno moja, na machozi yalimtoka.

Miaka ikapita, gari la sinema likaja Rasbura, kule Lindi, nami nikaenda kutazama. Bibi alikwisha kufariki. Nilikaa mbele na wanangu, nikajiona nikipita nimejistiri. Kisha uso wa Bibi ukajaa pazia zima. Mwanangu mkubwa akauliza yule ni nani. Nikamweleza, wala sikuinamisha kichwa.

Basi sikiliza. Maovu yasemwe, tena wazi. Sanaa isizibwe mdomo. Lakini ridhaa ya mwenye njaa usiiite ridhaa. Kabla hujampiga mtu picha, jiulize kama ataweza kuitazama akiwa na wanawe. Mola akujaalie jicho lionalo na moyo wenye haya, na kazi ya mikono yako isimlize yatima wala mjane. Amina.