Wavuna Upepo wa Mwankoko

Watu wa kwetu Kinyangiri walinicheka nilipoposwa Mwankoko. Walisema naenda kuolewa na watu wanaokula upepo. Wakati huo Mwingereza ndiye aliyekuwa akitoza kodi na gari moshi lilikuwa bado linafika kwetu, kwa hiyo tulijiona watu wa maana. Nilipanda na sanduku langu na jogoo mmoja, nikashuka Singida nimenuna, maana sikupenda kuchekwa, na hadi leo sipendi.

Lakini walichosema kilikuwa na ukweli ndani yake. Mama mkwe wangu alikuwa mkubwa wa chama cha wanawake waliovuna upepo kwenye miamba na kuuziba ndani ya vibuyu. Siku hizi watu wanaulalamikia upepo wa Singida kwamba unatia mchanga kwenye ugali. Sisi tuliuthamini. Uwele ukishapurwa haupetwi bila upepo, na kuna misimu upepo uligoma kabisa, huku wingu la mvua limeshaonekana na mavuno yote yako chini. Hapo ndipo tulipoitwa. Kibuyu kimoja kikifunguliwa pembeni mwa uga, makapi yaliondoka yenyewe na nafaka ikabaki safi. Bwana Shauri, afisa wa Mwingereza, alikuja siku moja kuuliza kama chama hicho kina kibali. Mama mkwe akalegeza kizibo kidogo tu. Kofia ya Bwana Shauri ililetwa kesho yake na wachunga ng'ombe wa huko mbali Ikungi, naye hakuuliza tena.

Nilipopelekwa mwambani mara ya kwanza, jua lilikuwa linachomoza. Mwamba wenyewe ulikuwa mkubwa kuliko boma la serikali, umepasuka katikati, na ufa wake haupitishi hata kichwa cha mtoto. Mle ndimo upepo ulimotoka. Haukuwa kama huu unaopita tu njiani. Ulitoka polepole, baridi, una harufu ya jiwe lililonyeshewa, na ulipokufikia ulisimama kwanza, kana kwamba unakuangalia. Sijawahi kuogopa kitu na kukipenda kwa pamoja kama nilivyofanya asubuhi ile.

Tulifungana kamba viunoni, na kila mmoja aliweka kokoto mdomoni asije akajisahau na kusema. Mwanamke mmoja alikuwa amecheka pale, kabla sijaolewa. Alirudi nyumbani mzima, lakini hakusema tena. Akifungua kinywa ulitoka upepo tu, na majivu yakaruka jikoni. Nilimkuta yu hai. Kila akitaka kunisalimia aligeuka pembeni kwanza, kwa adabu, asinivue kitambaa.

Lakini lililotutisha zaidi lilikuwa jingine. Mwamba hautoi bure. Mwanamke aliyevuna upepo, siku yake ikifika, roho haitoki. Pumzi ya mwisho inakwama kifuani, naye hafi wala haponi. Ndiyo maana kila mmoja wetu aliweka kando kibuyu kidogo cha mavuno yake ya kwanza, akakiziba kwa nta, hakifunguliwi hadi siku hiyo. Kinafunguliwa karibu na uso wake, upepo unaichukua ile pumzi, vinaondoka pamoja. Cha mama mkwe kilining'inia juu ya kitanda chake, cheusi kwa moshi.

Nilijifungua mchana, mume wangu akiwa Tanga kwenye mkonge. Mtoto alitoka kimya. Alikuwa wa kike, rangi yake kama ya majivu, na walimpiga makofi, wakamgeuza juu chini, wakamwagia maji, naye akabaki kimya. Nilisikia wanawake wakianza kunong'ona. Mama mkwe alinyanyuka, akashusha kile kibuyu chake cheusi, akaing'oa nta kwa meno.

Aliziba mdomo wa kibuyu kwa kidole, akaachia upepo kidogo, mwembamba kama uzi, kwenye pua ya mtoto. Nyumba nzima ikanukia mvua. Vumbi likadondoka kutoka kwenye dari ya udongo. Huko nje ugani makapi yalinyanyuka na kusimama hewani, na wanawake waliokuwa wakipura wakaacha michi yao na kutazama. Kisha mwanangu akalia, na makapi yakaanguka. Nililia kuliko yeye.

Mama mkwe alikitikisa kibuyu, akakiona kitupu, akakigeuza cha kutilia chumvi. Nilipotaka kumshukuru akaniambia, "Pika uji, mwanangu. Mzazi hashibi maneno."

Hatukulizungumzia tena hadi alipougua, mtoto ameshajua kutwanga. Aliugua kiangazi kile chote. Mwili ulikwisha, macho yakaingia ndani, lakini roho ikakwama, kama tulivyojua itakwama. Kumsikia akivuta hewa ilikuwa adhabu. Nikamletea kibuyu changu mwenyewe, nikamwambia, "Mama, tumia hiki."

"Hicho ni chako. Changu kina miguu, na sasa hivi kiko uani kinatwanga. Niitie."

Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa, na mimi nilijua mwanangu anapumua kwa upepo wa nani. Nikamwambia mama mkwe kwamba mtoto ameenda kisimani.

Mama mkwe akacheka, kicheko cha mtu asiye na nguvu. "Nimesikiliza upepo maisha yangu yote. Leo nishindwe kusikia mchi? Niitie, mwanangu. Sichukui cha mtu."

Nikamwita. Nilikuwa namheshimu mama yule kuliko mtu yeyote, na bado, nilipomwona mwanangu akiingia na pumba kwenye nywele, nilitamani kumbeba na kukimbia naye hadi Kinyangiri. Nilipiga magoti nyuma yake, nikamkumbatia, kiganja changu kifuani pake.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mke mwenzangu. Bibi anaungua. Nipulize."

Mtoto akainama, akampuliza usoni, taratibu, kama anavyopuliza uji. Harufu ya jiwe lililonyeshewa ikajaa chumbani. Pazia la mlangoni likanyanyuka, likakaa juu, na nikaona kifua cha mama mkwe kikishuka kwa utulivu ambao sikuwahi kuuona kwa binadamu. Pazia likashuka. Kifua chake hakikupanda tena.

Chini ya kiganja changu, cha mwanangu nacho kilikuwa kimeshuka. Nikasubiri. Kikapanda.

"Mama," akasema, "niachie, unanibana."

Sikumwachia.