Sufuria ya Mwisho ya Torgunn

Kiangazi cha tatu mfululizo Ragnfrid alipanda mlimani na kamera yake, na kwa mara ya kwanza Torgunn akamwambia asihangaike kuifungua. Sufuria ya jibini ya leo ilikuwa ya mwisho. Kesho angemwita mnunuzi wa mbuzi, kisha angefunga banda na kuteremka bondeni kutazama televisheni kama wastaafu wenzake.

"Na wewe upate mtu mwingine wa kumkodolea macho," akaongeza. "Hata marehemu mume wangu hakunitazama hivyo."

Ragnfrid alicheka, ila ubaridi ulimwingia moyoni. Nyumbani alikuwa na kabati zima la filamu za wachonga skii za kutelezea thelujini, wafumaji, wasuka uzio wa miti. Wengi wao sasa walibaki ndani ya kabati hilo tu.

Akakaa karibu na mlango, akamtazama. Maji yaliyobaki maziwa yalipoganda yalikuwa motoni tangu alfajiri, yakikorogwa yawe mazito, yageuke jibini la kahawia. Mwaka juzi Torgunn alikoroga akiwatazama mbuzi dirishani na kupiga soga. Leo alikuwa ameinamia sufuria, anaonja, anakwangua, anaonja tena. Na nyuma ya banda Ragnfrid alikuwa ameona makoko meusi ya masufuria mawili yaliyoungua.

"Mama Torgunn," akaita kutoka nyuma yake. Torgunn akaendelea kukwangua. Akaita tena; Torgunn hakugeuka.

Hapo akaelewa. Mwanamke huyu hajawahi kupika kwa macho; alipika kwa masikio, na sasa masikio yalikuwa yamemwacha. Na yeye Ragnfrid, katika filamu aliyoanza kuihariri, sehemu hii ya sufuria alikuwa ameifunika yote kwa muziki wa fidla.

Akaning'iniza maikrofoni yake nyembamba kama kijiti juu ya mvuke, akaiunganisha na kisanduku cha kukuza sauti, akatoa hedifoni zake mkobani, akamvalisha Torgunn juu ya kitambaa cha kichwa.

Mwiko ulisimama. Torgunn akafumba macho.

"Kumbe bado inasema," akanong'ona. Kisha, kwa sauti kubwa ya mtu asiyesikia sauti yake mwenyewe: "Usikiondoe hicho kijiti chako. Sikiliza. Sasa inatokota tu. Ikianza kutema mate, punguza kuni. Ikihema kama ng'ombe aliyelala, hapo hapo epua, usiende hata kupenga kamasi."

Ragnfrid aliwasha kamera. Torgunn hakumkataza. Alikoroga akitazama dirishani, akiitaja kila sauti ilipofika, na ilipoanza kuhema waliepua pamoja. Jibini lilitoka laini, rangi ya udongo wa mtoni.

Jioni Ragnfrid akifunga mizigo, Torgunn alikuwa bado amezivaa hedifoni.

"Hizi zinabaki. Na kijiti chake, na hicho kisanduku."

"Nami nitafanyia nini kazi?"

"Utanunua nyingine. Mimi nina mbuzi kumi na tisa wa kukamua kesho."

Ragnfrid aliteremka mlima akiwa amepakata jibini lenye joto, akisikiliza kengele za mbuzi kwa masikio matupu.